Mlango Usiofungwa Timu Ikishinda

Mpendwa mshauri wa gazeti, sasa hivi tu mwanangu Odile amepiga magoti nyuma ya mlango wa uani, akaweka mdomo kwenye ule ufa unaopitisha baridi, akanong'ona, "Ngoja kidogo Babu, mama anaandika," halafu akarudi kukaa chini na vijiko vyake kama mtu aliyejibu simu akamaliza, na mimi nimegeuka ghafla kumtazama hadi wino umevurugika kama unavyoona hapo juu, naomba unisaidie, maana humu ndani sina wa kumwambia na kwa watu hatuendi, korona imetufungia.

Mimi sikusoma sana, niliacha shule nikiwa na mimba ya huyu huyu Odile, kwa hiyo nikikosea maneno unisamehe uchukue maana. Tunakaa Saint-Boniface hapa Winnipeg, mimi na mume wangu Renaud na mama yake, Mama Gisele, nyumba ni yake. Baba mkwe wangu Armand tulimpoteza Novemba kwa huu ugonjwa. Tulimuaga dirishani, yeye ndani na sisi kwenye theluji, na Odile alikuwa anapungia mkono dirisha lisilo la babu yake mpaka nesi akatuonyesha lake ni lipi. Majivu yake yako kwenye sanduku la mbao juu ya kabati la vyombo, tunasubiri ardhi ilegee na watu waruhusiwe kukusanyika ndipo tumzike kwa heshima.

Mshauri, wewe ni wa hapa hapa, unajua hoki hii ya barafuni ilivyo katika nyumba zetu. Baba mkwe kila baridi ikianza alikuwa anamwaga maji uani kwa mpira wa bomba mpaka pagande pawe uwanja mdogo wa watoto, na kazi hiyo aliifanya wakati wa mechi kwa sababu hakuweza kukaa akitazama, roho ilimruka, basi anauachia mlango wa nyuma wazi kidogo, ameweka buti lake hapo usijifunge, ili asikie televisheni, na sisi ndani tunapiga kelele na yeye nje anauliza, "Wao au sisi? Wao au sisi?" Barafu ikishika anaita, "Haya njooni, barafu iko tayari!" Huo ndio ulikuwa wito wake, majirani wote wanaujua, wala hakuuita mahali pengine popote ila pale uani.

Januari ligi ikaanza, na mwaka huu mpaka wa Marekani umefungwa kwa hiyo timu za Kanada zimewekwa peke yao, hili Kundi la Kaskazini ambalo wanasema ni la msimu huu tu, zinacheza zenyewe kwa zenyewe, leo Edmonton, keshokutwa Edmonton tena, hata golikipa wao namjua kama shemeji yangu, na kuna jioni nakaa najiuliza hii si ndiyo ile mechi ya juzi. Uwanjani hakuna mtu. Viti wamevifunika vitambaa. Kelele za watu wanazipiga kwa mashine, na mara nyingine zinachelewa, goli limeingia, wachezaji wanakumbatiana kimya kimya kama watu walio chini ya maji, ndipo ule umati usiokuwepo unashangilia. Sijazoea hata leo.

Siku ya mechi ya kwanza Mama Gisele alichukua buti la marehemu akaliweka mlangoni pale pale. Alisema ni kumkumbuka tu. Renaud akamkalisha Odile kwenye kiti cha babu yake na jezi ya babu yake inayomfika miguuni, mimi nilikuwa jikoni nakoroga supu ya njegere, na tukashinda. Basi imekwisha hapo. Unajua sheria, timu ikishinda hakibadilishwi kitu. Kila mechi buti mlangoni, mtoto kitini, supu ni ya njegere na mimi nisimame na mwiko, nikiweka chini tu Renaud anapiga kelele, "Mama Odile, mwiko! Unataka tufungwe?" Mwanzoni tulikuwa tunacheka. Ilikuwa raha hata, mshauri, baada ya huzuni ile nyumba ikapata joto, yaani joto la moyo, maana la kawaida lilikuwa linatoka lote kupitia mlangoni.

Jioni moja baridi ilikuwa ya kukata masikio nikalisogeza lile buti kwa mguu nikafunga. Hawakuniona. Tukafungwa. Renaud alipoenda kutazama mlango akakuta umefungwa, hakunifokea, alikaa tu akasema, "Tulikuwa tunaongoza, mpenzi. Tulikuwa tunaongoza." Lakini Mama Gisele alinishika kiwiko akaniambia polepole, "Hospitali walimfungia ndani, na wewe unamfungia nje. Amewakosea nini nyinyi watu?" Nikalirudisha buti mahali pake.

Tangu hapo sijaugusa mlango. Na tangu hapo ndipo Odile alipoanza kusema babu anaita. Anasema yumo kwenye zile kelele za uwanjani, "Mama, msikie, yule pale, yule," anaonyesha televisheni, vile viti vilivyofunikwa. Nikamwambia hizo ni kelele za mashine mwanangu, hakuna mtu. Mama Gisele akanijibu kwa niaba ya mtoto, wala hakugeuka, "Viti vyote vile, unadhani ni vitupu? Mpaka umefungwa, wa nje hawaingii, tumebaki wenyewe kwa wenyewe. Nani mwingine angekaa pale kama si wa kwetu?" Renaud akasema, "Mama bwana, usimtishe mtoto," lakini alipunguza sauti ya televisheni kidogo, nikajua naye anasikiliza.

Halafu nikasikia na mimi. Naapa. Ni chini ya zile kelele, mwanamume, kwa mbali, hasemi maneno bado, anavuta pumzi kama mtu anayetaka kuita. Yalipoingia matangazo Renaud akazima sauti kabisa, na ile pumzi haikuzimika. Ilikuwa nyuma yangu. Ilikuwa upande wa mlango.

Sasa nikwambie la Jumamosi ndilo limenifanya niandike. Tulikuwa tunacheza na Calgary, tukafunga goli la kushinda mwishoni kabisa, Renaud akaninyanyua na mwiko wangu supu ikamwagika, Mama Gisele analia anacheka, na mimi nikatazama kiti cha babu nikaona jezi imekaa peke yake. Odile hayumo. Mlango uko wazi wote. Mshauri, nje kulikuwa na baridi ile ambayo mate yanaganda kabla hayajafika chini, na mtoto alikuwa na soksi tu, hana viatu. Nilitoka hivyo hivyo nikakutana na jirani yetu Mzee Wasyl anakuja kutoka uani amembeba ndani ya koti lake, ananifokea, "We binti, mna akili? Mtoto kasimama katikati ya barafu yenu, mikono kainyoosha hivi, kama anayesubiri kubebwa! Nimeita haitiki!"

Nikamuuliza barafu gani.

Maana mwaka huu hakuna aliyemwaga maji uani. Armand amekufa, Renaud hana moyo wa kuushika ule mpira, tulikubaliana mwaka huu tuache. Nikaenda kutazama. Ipo. Laini, nyeusi, haina hata punje ya theluji juu yake, imefagiliwa. Mzee Wasyl akasema, "Mimi kila mechi nasikia maji yanamwagika huko kwenu, nikajua ni Renaud, nikasema afadhali kijana anamfuata baba yake." Renaud anasema ni Wasyl ametufanyia kwa wema. Wasyl anasema ana goti bovu, amwage maji ya nani. Wakabishana getini na barakoa zao mpaka wakachoka.

Vidole vya Odile viwili vya mguu vilikuwa vyeupe. Nilivishika kwapani mwangu mpaka vikarudi rangi, alilia vilipoanza kuuma na mimi nikamshukuru Mungu kwa kile kilio. Nikamuuliza kwa nini ulitoka mwanangu. Akasema, "Babu kasema iko tayari."

Nikamwambia Renaud, mlango unafungwa kuanzia leo. Akakubali pale pale, alikuwa amepauka. Lakini asubuhi yake ameshabadilika, anasema tutamwangalia mtoto vizuri, tutamfunga viatu miguuni, lakini buti libaki, timu iko juu, kesho ni Montreal, na tena mama atavunjika. Na kweli Mama Gisele ameniambia mbele ya lile sanduku, glavu za marehemu kazianika hapo karibu na jiko zinachuruzika, akasema, "Binti yangu, nakuomba msimu huu tu. Kundi hili likivunjwa watu watarudi kwenye viti vyao, na yeye atakosa pa kukaa, ataondoka mwenyewe. Mwache amalize msimu. Ukiufunga huo mlango hapa si kwako tena."

Hilo ndilo swali langu mshauri. Nikifunga navunja nyumba, na nyumba nyingine sina, kwa mama yangu haturuhusiwi hata kutembelea. Nikiacha wazi namwogopea mtoto. Na nikwambie ukweli wangu ambao sijamwambia mtu, baba mkwe alinipenda, aliponikuta siwezi kusoma gazeti vizuri alikuwa ananisomesha mezani habari za hoki, neno kwa neno, mpaka nikaweza, hata barua hii ni kazi yake. Kwa hiyo kuna jioni nasimama na mwiko wangu na mimi nasikiliza, na natamani aite. Naamini yatakuwa sawa, naona Odile anakula vizuri na vidole vimepona, naamini kukiwa na mtu wa kuniambia la kufanya nitalifanya. Ila jana nilipomlaza Odile aliniambia babu sasa hamwiti yeye peke yake, nikamuuliza anamwita nani mwingine, na yeye akaniambia kwamba, subiri kidogo mshauri, naitwa, ni Mama Gisele huko jikoni, la, si jikoni, ni huko nje, narudi sasa hivi nikumalizie, alisema babu anam



JIBU LA MSHAURI

Mama Odile, barua yako imeishia hapo, katikati ya neno, na hata hivyo imefika mezani kwangu ikiwa ndani ya bahasha iliyofungwa. Kuna mtu aliyeitia posta. Nataka kuamini ni wewe, umerudi jikoni, mtoto akakushughulisha, ukasahau kumalizia. Ndiyo maana nimeomba hapa gazetini wanitolee jibu lako leo, wengine wote wasubiri.

Pole. Umempoteza mtu aliyekuwa baba kwako, na hukupewa hata nafasi ya kumlilia kati ya watu. Mwaka huu tumewaaga watu wetu madirishani kama wasafiri wa treni, tukarudi nyumbani kutazama umati wa mashine. Sishangai masikio yanatafuta sauti humo. Mume wako si mjinga na mama mkwe wako si mbaya.

Lakini mwanamke wewe, mtoto ametoka na soksi! Katika baridi ya Winnipeg! Na bado mnakaa mezani kujadiliana kama buti libaki? Mimi nimezaliwa katika mji huu, najua nyumba ambamo watu hawafui jezi msimu mzima na nyumba ambamo mjomba hutazama mechi akiwa bafuni kwa sababu siku moja goli liliingia akiwa humo. Tucheke, sawa. Ila timu inashinda kwa sababu ya vijana wanaoteleza kule uwanjani, na haijawahi hata mara moja kujua kama mlango wenu uko wazi. Renaud, najua unasoma haya juu ya bega la mkeo: ulipoona kile kiti hakina mtu ulipauka. Kwa nini rangi ilirudi asubuhi? Vidole vya binti yako vingekatwa, ungemwonyesha jedwali la ligi?

Kuhusu barafu. Kila mwenye nyumba hapa hulifungia bomba la nje kule kwenye chumba cha chini ya nyumba kabla ya baridi kali, lisipasuke. Shuka ukalitazame. Ukilikuta limefunguliwa, basi aliyelifungua ameshuka ngazi zako kwa miguu yake. Kisha kumbuka glavu ulizoniandikia mwenyewe, zilizokuwa zinachuruzika karibu na jiko. Glavu za mtu aliyekufa Novemba zinalowa nini Februari? Mama mkwe wako anamwaga maji wakati nyinyi mnapiga kelele mbele ya televisheni. Usimwaibishe. Mshike mikono, nina hakika imepasukapasuka kwa baridi, uipake mafuta, umwambie unajua. Mjane anafanya kazi ya mumewe ili isife. Hilo silo kosa. Kosa ni kumfanyia mtoto mdogo barafu nzuri, kumwachia mlango wazi, halafu kumwambia anayemwita yuko nje.

Kuhusu sauti. Nilimuuliza mtu anayeshughulika na mitambo ya sauti, akaniambia zile kelele hurekodiwa kwa watu halisi, miaka ya nyuma, na huwezi kujua ni koo za nani. Nilipomwambia ile pumzi ilibaki baada ya televisheni kuzimwa sauti, akaniomba tuzungumze mengine. Kwa hiyo sitakudanganya, Mama Odile. Sijui ni nini. Wala wewe huhitaji kujua ndipo ufunge mlango. Fikiri hivi tu. Mzee aliyekaa na wewe mezani akakufundisha neno kwa neno, hawezi kumwita mjukuu wake atoke na soksi kwenye baridi ya kuua. Kama ni yeye, ataelewa mlango kufungwa, tena atakushukuru. Na kama anayeita haelewi, kama anakasirika, kama anaita kwa nguvu zaidi, basi huyo siye Armand, na ndiyo sababu kubwa zaidi ya kutofungua.

Sasa fanya hivi. Leo, kabla ya mechi nyingine, toa buti. Weka kitasa cha juu kabisa cha mlango, mahali ambapo Odile hafiki hata akipanda kiti, na ufunguo ukae shingoni mwako. Lifunge lile bomba. Mwombe Mzee Wasyl apite na majivu ya jiko aimwagie barafu ya uani, goti lake litavumilia. Mtoto asikae tena kwenye kile kiti. Akae mapajani mwako, na mechi ikianza mfungulie katuni chumbani. Mwiko uweke chini.

Mama Gisele akisema hapo si kwako, mjibu kwa adabu, "Mama, nifukuze kesho, leo mlango umefungwa." Hatakufukuza. Anaogopa nyumba tupu kuliko wewe. Kisha mpigie padre wa parokia yenu. Hata wakiruhusiwa watu wachache mno, na hata kama wengine watasali kwa simu, msomeeni misa sasa, msingoje ardhi ilegee. Mtu aliyeagwa dirishani hakuagwa. Msubiri msimu wa hoki uishe ndipo mumpumzishe? Hili Kundi liliundwa kwa sababu ya ugonjwa na litavunjwa ugonjwa ukipungua. Msimfunge marehemu wenu humo.

Na hilo alilokwambia Odile, jina la mwingine anayeitwa, usiniandikie. Nadhani nimelisoma pale barua ilipokatika, uliposema unaitwa. Ukisikia unaitwa kutoka uani, hata kwa sauti ya mama mkwe, kwanza mtafute mama mkwe kwa macho humo ndani. Usiitike kabla hujamwona.

Namba yangu ya gazetini iko chini ya ukurasa huu. Mechi ya Montreal itakuwa imeshachezwa utakaposoma haya, na wala sitaki kujua nani kashinda. Nipigie mchana huu, hata kwa dakika moja. Huna haja ya kunieleza lolote. Niache tu nimsikie Odile akigonganisha vijiko vyake nyuma yako, na wewe ukimwambia anyamaze.